Kurekodi uzazi Amu (Lamu): ruhusa, sauti, taa

Kusi_Baridi: Salaam alaikum jamani. Tunapanga filamu ya makala hapa mtaa wa Langoni, tumfuate mja mzito wa mimba ya kwanza tangu mwezi wa saba hadi arubaini. Watu wawili, kamera moja. Atajifungulia hospitali kisha arudi kwa mamake. Ruhusa huchukuliwaje? Na sauti kwenye nyumba za mawe? Leba (chumba cha kuzalia) tuingie?

BintiMkomani: Waalaikum salaam. Sahihi moja ya mwezi wa saba haitoshi. Aliyeshikwa na uchungu hawezi kupima la kukubali na la kukataa, kwa hiyo ombeni mara tatu: kabla, baada ya arubaini, na akishaitazama filamu kabla uhariri haujafungwa. Mkubaliane neno la kuzima kamera, na mamake awe na haki ya kulisema pia. Sheria ya Kenya ya Kulinda Data ya 2019 inazihesabu habari za afya kuwa nyeti, na idhini ya mtoto hutolewa na mzazi. Hospitali ina ruhusa yake. Manesi na wa vitanda vya jirani waulizwe mbali. Mpiga kamera awe mwanamke. Hilo Amu halina mjadala.

FundiSauti: Buibui la nailoni linachakarisha maikrofoni, ibandikeni kwenye leso ya pamba. Akianza kunyonyesha itoeni kifuani, iwekeni kwenye mto, la sivyo mtasikia mtoto akimeza tu. Feni izimwe wakati wa mahojiano (jasho litatoka, vumilieni). Adhana ikianza nyamazeni: misikiti haianzi pamoja, ukikata katikati mruko unasikika. Kila chumba rekodini kimya cha dakika moja, kitaziba viraka kwenye uhariri. Vilele vya sauti visipite -12 dB kwenye kipimo cha rekoda, maana kilio cha mtoto hupanda ghafla.

Taa: dari ya boriti ni nyeusi, inameza mwanga. Elekezeni taa ndogo kwenye ukuta wa chokaa, kamwe si machoni pa mtoto. Umeme wetu ni hertzi 50, basi fremu 25 kwa sekunde na shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) ya sekunde 1/50. Kwa 1/60 picha huweza kuingia mistari.

Mpwani_wa_Shela: Mie nasema leba msiingie. Mtoto akitoka tumeshamwona kwenye filamu nyingi. Kukandwa, maziwa kukataa kutoka usiku wa pili, bibi na nesi kuvutana juu ya kumpa mtoto maji, hayo ndiyo hayajaonekana. Ikiwa lazima, simameni upande wa kichwa cha mama, na kukiwa na upasuaji msikaribie vitambaa vya kijani vilivyotakaswa vijidudu hata kwa mita moja.

Kusi_Baridi: Shukran. Kadi ya kamera ya GB 128 itatosha?

FundiSauti: Mkirekodi kwa megabiti 100 kwa sekunde, saa moja inakula GB 45, kwa hiyo hata saa tatu haifiki, na uchungu wa mimba ya kwanza mara nyingi hupita saa 12. Washeni kwa vipande. Kila jioni nakala mbili, moja ilale nyumba nyingine.