Antigone akihamishwa kutoka Thebes, bado ni Antigone?

Chai_ya_Kumi: Wadau, hili limenikaa kooni tangu juzi. Nimeenda kuangalia Antigone, ile tamthilia ya Sophocles wa Ugiriki ya kale, binti anamzika kaka yake Polynices wakati Creon, mtawala wa mji wa Thebes, kakataza asizikwe. Wameileta siku hizi hizi, Creon ni rais na suti yake, Antigone ana simu anarusha laivu. Suti sina shida nayo, simu sina shida nayo. Shida yangu ni maiti. Mchezo mzima Polynices ni picha kwenye skrini tu na yule binti hagusi udongo hata mara moja! Kwa Sophocles kitendo chenyewe ni kidogo mno, binti anabeba vumbi kavu kwa mikono yake anammwagia kaka yake, halafu anamimina tambiko mara tatu toka kwenye jagi la shaba, basi. Hajachimba hata kaburi. Anakufa kwa ajili ya vumbi. Sasa ukiliondoa vumbi umebakiza nini zaidi ya hotuba? Hizi tamthilia za Wagiriki tukizileta leo, mpaka wetu uwe wapi?

MzeeWaHoja: Wewe unataka ziwekwe kabatini zisiguswe. Kuhamishwa ndiko kumeziweka hai. Mwandishi Morisseau-Leroy kule Haiti 1953 kaipiga Antigone kwa Kikreoli, wakati wasomi wa kwao wanaona Kikreoli ni lugha ya sokoni, na miungu ya Kigiriki kaitoa kaweka ya kwao. Mfaransa Anouilh kaiweka jukwaani Paris 1944 Wajerumani wamejaa mjini na wadhibiti wao wakaipitisha. Mandela mwenyewe kaicheza Antigone gerezani Robben Island. Wote hao wangekusubiri wewe na jagi lako?

Kalamu_Nyekundu: Mandela alicheza Creon bwana, siyo Antigone. Kaandika mwenyewe kwenye kitabu cha maisha yake. Tusipitishane hivi hivi.

MzeeWaHoja: Creon, Antigone, hoja iko pale pale.

Kalamu_Nyekundu: Haiko pale pale hata kidogo! Mtu kafungwa maisha kwa kuikataa sheria, halafu anasimama mbele ya wafungwa wenzake kusema maneno ya mtawala anayeitunga. Uzito wote uko hapo, wewe unasema sawa tu.

Mama_Kibwebwe: Mkitaka kuhama kunakofanya kazi someni The Island, tamthilia ya Fugard, Kani na Ntshona wa Afrika Kusini, 1973. Wafungwa wawili seli moja wanajiandaa kuigiza Antigone mbele ya wenzao. Winston kapewa nafasi ya Antigone, anavalishwa wigi na matiti ya bandia, na mkufu umetengenezwa kwa misumari. Mwenzake anacheka mpaka basi, Winston anagoma kabisa, anasema sitaki kuchekwa. Kule mwisho anaivua hiyo wigi mbele ya watu anaongea kama yeye mwenyewe na hakuna wa kucheka. Chai_ya_Kumi, pale hamna maiti na vumbi halipo, lakini mtu anazikwa hai unamwona kwa macho yako. Kwa hiyo usiseme ukitoa vumbi imekufa. Inategemea umeweka nini mahali pake.

Chai_ya_Kumi: Hilo nakukubalia dada. Waliweka kitu. Hawa wa juzi hawakuweka.

MzeeWaHoja: Na hao wote walikuwa na lugha ya kuibeba. Sisi tukae na Kiingereza tu jamani. Kiswahili ndugu ni ndugu, dada ndugu, binamu ndugu, mtu wa kijijini kwenu ndugu, mpaka mwenyekiti wa tawi Ndugu. Antigone yote imesimama kwenye undugu, mtatafsiri nini?

BintiBarazani: Hapo ndo umeniwasha. Samuel Mushi alishamtoa Mfalme Edipode, tamthilia nyingine ya Sophocles, kwa Kiswahili 1971 na anga halikudondoka. Sasa tuje kwenye huo undugu unaoudharau. Ile sentensi ya kwanza kabisa Antigone anamwita dada yake Ismene, Sophocles katumia autadelphon. Adelphos kwa Kigiriki linatokana na delphys, tumbo la uzazi. Yaani mama zetu walivyosema WA TUMBO MOJA ndivyo alivyosema Mgiriki, neno kwa neno! Kiingereza sister hakina tumbo ndani yake. Halafu Creon ni kaka yake Jocasta, mama yao Antigone, kwa hiyo kwa hao watoto ni nani? Mjomba. Kiingereza kinasema uncle, hujui wa kuukeni au wa kuumeni. Sisi ukisema tu mjomba kakataa kuzika mtoto wa dada yake, mtu yeyote barazani anashika kichwa kabla hujamaliza. Na Polynices kwa Antigone ni umbu lake. Lugha gani hiyo isiyotofautisha?

Rasta_wa_Bara: Umbu ndo mdudu gani? Nina miaka 40 naongea Kiswahili sijawahi kulisikia.

BintiBarazani: Kusikia kwako siyo kamusi. Umbu ni ndugu wa jinsia nyingine, wa kike kwa mwanamume, wa kiume kwa mwanamke. Bibi yangu hakumwita kaka yake kaka mpaka anakufa, alisema umbu langu.

Rasta_wa_Bara: Sawa bibi yako. Mimi jukwaani nikiambiwa umbu nitageuka kumuuliza jirani na mchezo utakuwa umenipita. Watu wa pwani mkiambiwa tafsiri mnatoa maneno sandukuni kuonyesha Kiswahili ni chenu.

BintiBarazani: Nani kasema ni chetu peke yetu? Wewe ndo umeanza kumwita neno la bibi yangu mdudu.

Kalamu_Nyekundu: Jamani, Rasta ana hoja ingawa kaitoa vibaya. Neno la jukwaani lazima lishikwe hapo hapo, halirudiwi. Lakini likitajwa mara tatu nne kwenye onyesho la kwanza, watu watalishika.

Sajini_Mstaafu: Nyie mnalia na dada mtu tu. Polynices alileta jeshi la Argos kuubomoa mji wake mwenyewe. Mimi nimezika vijana waliolinda mpaka. Unataka aliyewaua alazwe pembeni yao kwa heshima ile ile? Kila onyesho siku hizi linamfanya Creon shetani. Sophocles hakumfanya hivyo, mwanzo wale wazee wa Thebes wanamsikiliza na wanatii.

Mama_Kibwebwe: Sajini, kulazwa pembeni yao hakuna aliyeomba. Angezikwa popote. Creon kasema aachwe aliwe na mbwa na ndege.

Kimya_Kingi: Huwa nasoma tu, leo niseme. Kaka yangu alifia Ghuba kazini, akazikwa huko huko, sisi tukaangalia kwenye simu ya mtu. Picha ilikuwa inakwama kwama. Mama alikuwa ameshika udongo wa uani kwetu mkononi muda wote, kwetu marehemu anatupiwa udongo mara tatu, na hakujua autupe wapi. Mwisho kauweka kwenye kikombe. Bado kiko kabatini. Kwa hiyo Chai_ya_Kumi nakuelewa kuhusu vumbi, na ile picha kwenye skrini mimi isingenisumbua. Ningelia pale pale ukumbini.

Chai_ya_Kumi: Pole sana ndugu yangu. Sikuiangalia upande huo kabisa.

Sajini_Mstaafu: Pole kijana. Mungu amlaze pema.

Rasta_wa_Bara: Pole sana mkuu. BintiBarazani, nisamehe kwa la bibi. Ila hebu toa huo mstari wa kwanza tuuone, maana kuongea tumeongea.

BintiBarazani: Yameisha. Kigiriki kinasema kitu kama "ewe kichwa cha Ismene, wa tumbo moja nami". Mshairi Hölderlin 1804 kakiacha kichwa hivyo hivyo kwa Kijerumani, wakamcheka. Mimi nasema: "Ismene, nduguyo ndimi, tumbo moja lilotuzaa."

Kalamu_Nyekundu: Umeondoa kichwa. Na kwa Sophocles anayeitwa ndugu ni Ismene, kwako umegeuza Antigone ndo anajitaja mwenyewe. Mgiriki kaanza na Ismene.

Rasta_wa_Bara: "Ismene, wa tumbo langu"?

BintiBarazani: Hiyo ni binti yake sasa! "Ismene, wa tumbo letu."

Kalamu_Nyekundu: Tumbo letu. Hiyo iacheni hapo hapo, msiiguse.