Mjadala: Tungekuwa na chombo cha kupeleka taarifa wakati uliopita, je, tungewajibika kukitumia?

Mada ninayoileta inahusu chombo ambacho hakipo, lakini ambacho watunzi wa hadithi za kisayansi na wanafizikia wenyewe wamekijadili kwa zaidi ya nusu karne: chombo cha kupeleka taarifa tu, bila mtu wala mzigo, kwa watu wa wakati uliopita, hata ikibidi taarifa hiyo itue katika ulimwengu ulio sambamba na huu wetu. Swali ni kama tungekuwa na wajibu wa kukitumia kuwaonya watu juu ya maafa ambayo sisi tumekwisha kuyaona. Wapo wanaosema kwamba kazi hiyo ingekuwa kutwanga maji kwenye kinu, kwa kuwa waliokufa kwetu watabaki wamekufa. Mimi nasema wajibu upo, ila una mpaka, na mpaka huo ndio ninaoomba tuupime kwa makini.

Kwanza, kwa nini malimwengu sambamba? Mwaka 1907 Einstein alionyesha kwamba ishara ikiweza kwenda kasi kuliko mwanga, inawezekana kuipanga ifike kabla haijatumwa. Mwaka 1970 wanafizikia Gregory Benford, D. L. Book na W. A. Newcomb waliifuata hoja hiyo mpaka mwisho wake. Chukua watu wawili waliokubaliana hivi: wa kwanza atatuma ujumbe saa tisa endapo tu hakupokea chochote saa saba, wa pili akiupata ujumbe huo atajibu papo hapo, na jibu lake litamfikia mwenzake saa saba ileile. Matokeo yake ni kwamba ujumbe unatumwa endapo tu hautumwi, jambo lisilowezekana. Mwanafizikia David Deutsch, katika kazi yake ya mwaka 1991, alionyesha njia ya kutoka kwa kutumia wazo la mwanafizikia mwenzake Hugh Everett la mwaka 1957 kwamba ulimwengu una matawi mengi: kinachorudi nyuma kinaingia katika tawi jingine, na tawi lililokituma halibadiliki hata chembe. Ni kweli kwamba katika hesabu za Everett matawi yakishaachana hayapelekeani habari, na hapo ndipo chombo chetu kinapokuwa cha kubuni. Lakini anayetaka kukibuni bila kujipinga hana budi kuyakubali masharti ya Deutsch.

Masharti hayo yanauma, na siwalaumu wanaoyakataa. Ronald Mallett, mwanafizikia wa Chuo Kikuu cha Connecticut, alifiwa na baba yake mwaka 1955 akiwa na umri wa miaka 10, akaingia katika fizikia kwa matumaini ya kumrudia na kumwonya. Baada ya miaka mingi alifikia mpango wa kutumia mwanga wa leza unaozungushwa, mpango ambao wenzake wameupinga, na hata katika mpango huo ujumbe hauwezi kurudi nyuma zaidi ya siku mashine ilipowashwa kwa mara ya kwanza. Baba yake yuko ng'ambo ya siku hiyo. Kwa hiyo tusijidanganye: chombo hiki hakimrudishii mtumaji mpendwa wake.

Je, hilo linafuta wajibu? Sioni hivyo. Tarehe 26 Desemba 2004 tetemeko la ardhi karibu na kisiwa cha Sumatra, Indonesia, liliibua tsunami iliyoua watu wapatao 230,000. Aceh, mkoa ulio kaskazini mwa kisiwa hicho, ilifikiwa na mawimbi ndani ya dakika chache tu. Pwani ya Kenya ilikuwa na saa kadhaa, habari zikatangulia, watu wakaondolewa ufukweni, na aliyeripotiwa kufa huko ni mtu mmoja, ilhali Somalia, ambako onyo halikuwafikia watu, walikufa karibu 300. Saa chache za taarifa ndizo zilizochangia tofauti hiyo. Sasa tuseme katika tawi jingine kuna kipokezi kilichowashwa mapema mwaka 2004. Ikiwa matawi yapo, watu wa Aceh ile wana watoto na majina kama wa Aceh hii. Kusema kwamba kuwaokoa ni bure kwa sababu hatutawaona ni kusema kwamba uhai wa mtu unaanzia pale macho yetu yanapofika.

Mpaka ninaoutaka ni huu: tutume habari za mambo yasiyosikia, yaani yasiyobadilika kwa sababu tu watu wameusoma ujumbe, na tuache kabisa habari za mambo yanayosikia. Msongo katika miamba unaoleta tetemeko umejengeka kwa mamia ya miaka, na kwa muda wa miezi michache sioni namna ambavyo kusomwa kwa ujumbe kungeuzuia. Bei za hisa hubadilika mara tu mtu anapozijua, na uchaguzi vivyo hivyo. Hata hali ya hewa haidumu: mwaka 1961 Edward Lorenz, mtaalamu wa hali ya hewa, aliingiza 0.506 kwenye kompyuta badala ya 0.506127, na hali ya hewa aliyokuwa akiikokotoa ikaenda njia nyingine kabisa. Utabiri wa kimbunga kutoka kwetu ungefaa wiki chache tu. Baya kuliko yote ni majina ya wahalifu. Aliyeua katika ulimwengu wetu, kule bado hajaua na huenda asiue kamwe. Kumshtaki kwa ujumbe wetu ni dhuluma isiyo na utetezi, na hapa sitakubali hoja yoyote ya manufaa.

Mtu atauliza ni nani atakayeuamini ujumbe huo. Swali ni halali, maana usiku wa tarehe 14 Aprili 1912 meli ya Mesaba iliipelekea Titanic onyo la barafu kwa redio, na onyo hilo halikufika kwa maofisa waliokuwa wakiiongoza meli. Dawa yake ni kutanguliza orodha ya matetemeko madogo, kila moja na saa na mahali pake, ili wapokeaji wayahakiki kwa vipimo vyao kabla ya siku kubwa kufika.

Wanaopinga nawaomba wajibu hili: ujumbe wa namna hiyo ukitufikia sisi leo, kutoka kwa watu ambao hawatapata chochote, mtasema walipoteza muda wao? Na wanaokubaliana nami wanisaidie kwenye magonjwa ya mlipuko, ambako mpaka wangu unayumba, kwa sababu kirusi hakisikii, lakini kuingia kwake kwa binadamu wa kwanza kunategemea nani alikwenda wapi siku ile, na mwenendo huo unasikia.