Mtangazaji anaposema «uwezekano wa mvua ni asilimia 30», ana maana gani?

Kiu ya Kujua:
Wadau, salaam. Jana usiku mtangazaji wa utabiri alisema uwezekano wa mvua leo ni asilimia 30, na nyuma yake palikuwa na wingu lenye matone matatu. Nyumbani tulibishana: mmoja akadai mvua itanyesha kwa asilimia 30 ya siku, mwingine akasema itaangukia asilimia 30 ya eneo, nami nikachukulia kwamba haitanyesha. Nikaanika nguo, zikalowa chepechepe. Je, mtangazaji alikosea?

Mpimamvua:
Ndugu, hakukosea. Alimaanisha kwamba katika siku 100 zenye hali ya anga kama ya leo, hapo ulipo mvua ya kupimika hunyesha katika siku zipatazo 30. Asilimia hiyo haisemi itanyesha kwa muda gani wala kwa wingi gani. Watabiri huipata kwa kurudia hesabu ileile ya kompyuta mara nyingi, takriban mara 50 katika kituo cha Ulaya cha utabiri wa muda wa kati, kila mara vipimo vya kuanzia vikibadilishwa kidogo, kisha huangalia ni hesabu ngapi zilizoleta mvua. Lawama yangu naielekeza kwenye kile kipicha cha wingu, kwa kuwa majibu yote hayo yanayotofautiana husongwa ndani yake, na mtazamaji hukumbuka matone, si asilimia.

Fundi Mitambo:
Niliwahi kufanya kazi studioni. Mtangazaji husimama mbele ya ukuta mtupu wa kijani, ramani yenyewe akiiona kwenye skrini za pembeni tu (ndiyo maana wageni wa kazi huelekeza kidole baharini wakiutaja mlima), na hupewa dakika mbili kwa nchi nzima. Hana nafasi ya kufundisha hesabu. George Cowling, aliyekuwa mtabiri wa kwanza kuonekana moja kwa moja kwenye BBC, tarehe 11 Januari 1954, aliwaambia watazamaji kwamba kesho yake kungekuwa na upepo, siku nzuri ya kuanika nguo. Huo ndio utabiri unaoeleweka.

Mpimamvua:
Unaeleweka kwa mwanika nguo. Anayemwaga zege huiona asilimia 30 kuwa kubwa mno, na anayesubiri kupanda mbegu huiona ndogo, kwa hiyo mtangazaji asituamulie. Atuachie namba, lakini ataje na saa, kwa sababu asilimia 30 ya kuanzia alfajiri hadi usiku si sawa na ya alasiri peke yake.

Kiu ya Kujua:
Saa hakuzitaja kabisa. Nashukuru, nimeelewa.