Naombeni ushauri: mwanangu anaogopa mizimu, nimuwekee hii filamu ya Kibengali?

Mama Shufaa: Habari zenu wakuu. Tuko Kolkata, India, mume wangu anasoma huku, binti yetu ana miaka 7. Juzi ilikuwa Bhoot Chaturdashi, siku moja kabla ya Kali Puja, sikukuu ya Wahindu ya mungu wao wa kike Kali, majirani wamewasha taa 14 za udongo toka mlangoni mpaka kwenye ngazi na kupika mboga za majani aina 14, bibi wa chini akamwambia mtoto taa ni za kuzuia mizimu isiingie ndani. Tangu hapo halali peke yake, chooni nimsindikize, taa isizimwe. Sasa bibi huyohuyo kaniletea Goopy Gyne Bagha Byne kwenye flashi, anasema itamtoa woga. Aliyeiona anisaidie jamani, nahofia itamzidishia.

Baba Mapacha: Usimuwekee dada. Msomee dua, lala naye wiki moja, yataisha.

Mwana wa Tanga: Baba Mapacha dua sawa kabisa, ila hii filamu mimi nimeiangalia na watoto wa mwenye nyumba wangu nilivyokuwa nasoma hukohuko. Ni ya Satyajit Ray ya 1969, hadithi kaiandika babu yake, na mtoto wa Ray mwenyewe ndo alimwomba atengeneze filamu ya watoto. Goopy anaimba vibaya, Bagha anapiga ngoma vibaya, wote wamefukuzwa makwao wanakutana porini, mizimu inatokea. Mfalme wa mizimu anawapenda anawapa zawadi tatu, mojawapo wakigonganisha viganja chakula kinakuja, lakini lazima wagonge wote wawili, mmoja peke yake hapati kitu. Wale watoto walikuwa wanagonga viganja kila kabla ya kula. Cha kuangalia ni ngoma ya mizimu, kama dakika sita hivi hakuna maneno ni midundo tu na picha zinametameta, hapo mpakate. Muonyeshe ile mizimu minene.

Bi Mwanakombo: Muwekee mchana, pazia wazi. Halafu mwanangu nikuulize, nyumbani hamumtishii na mizimu akikataa kulala? Huko kuna mzimu wanauita mechho bhoot, kazi yake kupenda samaki tu, mwombe bibi amsimulie huo.

Mama Shufaa: Bi Mwanakombo umenigusa, nilikuwa namwambia lala mzimu unakuja. Nimeacha, na nimemwambia mama alikosea.

Tumeiangalia Jumamosi asubuhi. Kwenye ngoma alijificha mgongoni kwangu anachungulia, mara anauliza kwa nini hawa wanene wanapigana, akaanza kucheka. Jioni kakaa mezani anagonga viganja na baba yake anasubiri wali na samaki vije, nikaviingiza mbio kutoka jikoni, alivyopiga kelele! Usiku kanikabidhi kipande cha samaki kwenye kisahani niweke dirishani, cha yule mechho bhoot. Chooni bado namsindikiza ila naishia mlangoni.