Tupeane uzoefu: Gati la zamani kugeuzwa mtaa wa makazi, kazi inaanzia wapi na inaharibikia wapi?

Ukingo_wa_Gati:
Wakuu, heshima kwenu. Meli za makontena zinataka kina na uwanja mpana ambao magati ya zamani hayana, kwa hiyo bandari zinahama na kuacha maghala, reli na kuta katikati ya mji. Picha za majengo mapya kwenye ardhi hiyo zipo tele. Maelezo ya kazi yenyewe ndiyo haba. Anayejua aweke hapa, pamoja na vipimo.

Naanza na ukuta, maana ukianguka huo hakuna mtaa. Ukuta wa mabamba ya chuma hauliki sawasawa juu hadi chini. Sehemu mbaya kabisa ni ile inayoonekana kwa muda mfupi tu maji yanapokupwa wakati wa bamvua (siku ambazo maji hujaa na kupwa kuliko kawaida), na kushuka kidogo chini yake. Bakteria huishi pale na kula chuma kwa kasi inayoweza kufika milimita 0.5 kwa mwaka, pengine zaidi. Bamba la milimita 10 linatoboka ndani ya miaka 20. Dalili yake ni madoa laini ya rangi ya chungwa. Ukiyafuta unakuta tope jeusi, na chini ya tope chuma kinachong'aa chenye vishimo. Ukiona hivyo, usiridhike na picha za mpiga mbizi. Dai unene upimwe kwa mawimbi ya sauti kwenye vimo kadhaa, bamba kwa bamba.

Ukuta ukishatoboka, mchanga wa nyuma hutoka kidogo kidogo kila maji yanapopwa. Juu, lami inabaki imenyooka huku chini kuna pango. Ndiyo sababu gati hubomoka siku moja bila onyo chini ya lori la zege.

Mchomeleaji:
Naongeza kuhusu tiba. Kiraka huchomelewa pakavu: sanduku la chuma lililo wazi upande mmoja hubanwa ukutani, maji yanavutwa kwa pampu, fundi anashuka ndani. Baada ya hapo fungeni vipande vya aluminiamu au zinki ili vilike badala ya ukuta. Kumbukeni vinalinda kilichozama tu. Sehemu inayopigwa na mawimbi na hewa inahitaji rangi nzito au kufunikwa kwa zege.

Bamvua:
Mtoa mada hajagusa vyuma vya nyuma, na ndivyo vinavyokatwa mara nyingi. Ukuta wa mabamba mara nyingi haujisimamii wenyewe. Umeshikwa na mikono ya chuma inayorudi nchi kavu mita 15 hadi 30, hadi kwenye vizuizi vilivyozikwa. Anayechimba maegesho ya chini ya ardhi au kupiga nguzo za jengo jipya yuko palepale mikono inapopita. Ukikata mmoja, mzigo wake unahamia kwa majirani zake. Ikikatwa mitatu mfululizo, ukuta unaanza kuinama kuelekea majini.

Tafuteni michoro ya awali kwenye kumbukumbu za bandari, kisha msiiamini. Chimbeni mashimo ya kukagua kwa mkono na muweke alama ya kila mkono juu ya ardhi kabla mtambo wowote haujaingia.

Tazameni pia vitundu vya kutolea maji ukutani. Vikiziba, maji ya nyuma yanabaki juu wakati bahari imekupwa, na kila mita 1 ya tofauti inaongeza takriban tani 1 ya msukumo kwa kila mita ya mraba.

Udongo_Hausemi:
Kuhusu sumu ardhini. Ardhi ya bandari kwa kawaida ni kifusi: majivu, matofali, tope lililochimbwa chini ya maji. Kila rundo lilitoka kwingine, hivyo mashimo mawili yaliyo mita 10 tu mbali yanaweza kutoa majibu yasiyofanana hata kidogo. Anzeni na ramani za zamani: palipokuwa na kiwanda cha gesi tegemeeni lami, palipopakwa rangi za meli tegemeeni bati na shaba, kwenye mabomba ya mvuke tegemeeni asbesto. Mashimo ya sampuli kwa gridi ya mita 25 ni mwanzo mzuri, kisha muibane panapotia shaka.

Maji ya ardhini yasipimwe siku moja. Wekeni vipima-kina visimani kwa siku 15 angalau, ili mpate bamvua na maji mafu (siku ambazo maji hupanda na kushuka kidogo tu).

Wengi hufunika kwa udongo safi badala ya kuhamisha kila kitu, na ni sawa mradi pawe na wavu wa rangi kali chini ya udongo huo, ili mchimbaji wa baadaye ajue amefika mpaka. Tena, mabomba ya kawaida ya plastiki hupitisha petroli na viyeyusho hadi kwenye maji ya kunywa. Tumieni yenye tabaka la aluminiamu.

Mgeni_Kazini:
Wakuu, naomba kuuliza. Kwa ajili ya mafuriko, si rahisi kuinua ardhi yote mita 2 tu?

Bamvua:
Ndugu yangu, hapana. Kila mita ya udongo ni karibu tani 2 kwa mita ya mraba, na uzito huo unausukuma ukuta uliochoka na kuuzamisha mfinyanzi ulio chini. Hamburg, Ujerumani, waliona mafuriko ya 1962 yalivyoua zaidi ya watu 300, lakini HafenCity, mtaa mpya kwenye bandari yao ya zamani, hektari 157 nje ya boma la mji la kuzuia maji, hawakuizungushia boma jipya. Wamejenga majengo juu ya vilima vya mita 8 hadi 9 juu ya usawa wa bahari, na kuacha njia za kando ya maji chini zifurike. Maegesho yamo ndani ya vilima, yana milango ya kuzuia maji. Jengo linaweza kuinuliwa moja moja, bila kusubiri mtaa mzima. Na barabara za juu lazima zipitishe gari la zimamoto wakati chini kumejaa maji; hilo halina mjadala.

Kuna wanaojaza kwa vitalu vya povu ili kupunguza uzito. Vinafaa, ila mafuriko yakija povu linaelea. Piga hesabu ya uzito wa juu yake kwanza.

Ukingo_wa_Gati:
Usafiri nauweka kwa ufupi. Canary Wharf, mtaa wa ofisi kwenye magati ya zamani ya London, mnara mkuu ulikamilika 1991, mwendelezaji akafilisika 1992, na reli kubwa ya chini ya ardhi ikafika 1999. Reli itangulie ofisi.

Pwaji:
Msiwasahau watakaotumbukia. Ngazi za ukutani zishuke angalau mita 1 chini ya maji ya kupwa kuliko yote, maana nyingi za zamani zinaishia hewani bamvua ikipwa. Upana wa vidato ukaguliwe pamoja na kutu ya vifungio, na kwenye kona za ukuta ngazi iwekwe pande zote mbili, kwa sababu mkondo humsukuma mtu konani na kumshikilia hapo.