Vesti ya 3 iliyochakaa au ya 2 mpya? Tumalize leo

Dogo Mbagala
Wakuu, salaam. Hii ni ya wanaocheza PUBG ya simu, lile gemu la kuwindana kwa bunduki, wa Free Fire kaeni pembeni kidogo msikilize. Jana tuko kwenye ramani ya Erangel, skwadi ya wanne, uwanjani tumebaki kama watu ishirini. Tumemlaza jamaa mmoja Pochinki, kufungua boksi lake nakuta vesti ya kuzuia risasi, leveli 3, ile ya juu kabisa. Imeliwa, mstari wake umeshuka, lakini ni 3. Mimi nilikuwa na ya 2 mpya, haijaguswa hata na risasi ya kupotea. Nikaivua, nikaitupa, nikavaa ya 3. Dakika chache mbele nimelala chali. Sasa shemeji yangu, ambaye ndiye tunacheza naye, tangu jana ananiita Bwana Namba. Anadai nimevaa namba, sijavaa kinga. Nihukumuni: nilikosea? Na nyingine, hivi hizi gia haziui ujuzi? Mtu anaokota 3 chooni, wewe unayejua kulenga unakufa.

Fundi Redio
Kwanza tuelewane vesti inafanya nini, maana wengi wanadhani inaongeza damu. Haiongezi. Damu yako ni 100 ukiwa nayo, ni 100 ukiwa huna. Inachofanya ni kukata ukali wa risasi kwa asilimia: ya 1 inakata 30, ya 2 inakata 40, ya 3 inakata 55. Na haipungui makali kwa kuchakaa. Ya 3 iliyobakiza uhai wa kupumua mara moja inakata 55 ileile kama uliyoikuta mpya. Inakata, inakata, halafu inakata roho ghafla. Uhai wenyewe, yaani kiasi inachobeba kabla haijafa, ni 200 kwa ya 1, 220 kwa ya 2, 250 kwa ya 3.
Chukua bunduki ya M416, tuseme risasi yake moja inatoa damu 41 na zote zinaingia kifuani. Bila vesti, risasi 3 umelala. Ya 1 unakula 4, ya 2 unakula 5, ya 3 unakula 6. Kwa hiyo wewe na shemeji mnagombania risasi moja.
Swali langu ni moja tu: hiyo ya 3 ilikuwa imebaki ngapi?

Nyoka wa Nyali
Vesti ni ile nyeupe ya kuvaa ndani ya shati, inauzwa tatu tatu kwenye pakiti. Kinachozuia mkuki na risasi kwa Kiswahili ni dirii. Watu wa bara mnaua lugha huku mwadhani mwacheza.

Dogo Mbagala
Nimeuliza risasi naletewa kamusi. Na Mbagala ni bara tangu lini? Babu yangu ni mvuvi wa Kilwa, amekufa na nyavu mkononi. Wewe uliyekaa Nyali ukinywa madafu ndiyo unipimie upwani? Halafu hebu nikuulize, nikishika maiki niseme "jamani nimeokota dirii", skwadi nzima si itauliza dera la nani?

Mkayole
Dera 😂😂 nimekufa mimi.
Huku Kayole tunasema buletprufu na hakuna mtu amewahi kutuletea mwalimu. Buda, swali la maana hamjauliza. Ulipigwa na bunduki gani na ilikupata wapi? Mguu hauvai vesti. Mkono hauvai vesti. Kichwa ndiyo kabisa. Jibu hiyo kwanza ndio tujue kama vesti ina kesi.

Nyoka wa Nyali
Sikusema kunywa madafu ni dhambi. Nasema neno lipo, lina miaka na mikaka, weye waliwacha wachukua la fulana. Ukiona neno la kwenu likakuchekesha, mwenye kasoro si neno.

Snaipa wa Ruwi
Nyoka yuko sawa, msimcheke. Asili yake Kiarabu, dir'i. Na fundi wake tunamjua: Nabii Daudi, alayhi salaam, ndiye aliyelainishiwa chuma na akafundishwa kutengeneza mavazi ya vita yawakinge watu. Imo ndani ya Qur'ani. Kwa hiyo kabla hamjaokota gia Pochinki, gia ilikuwa na mwenyewe.
Kuhusu mada, mimi niko Muscat, seva ya Mashariki ya Kati iko mlangoni kwangu. Nyinyi wa Dar mnaweza kuvaa hata 3 mpya, risasi mnaiona ikishapita. Vesti haizuii pingi, ule ucheleweshaji wa mtandao.

Dogo Mbagala
Mnaona? Tumeshatoka kwenye lugha, sasa tunatukanwa kwa bando. Kaka yangu wa Muscat, nilikuwa na pingi ya 130 na nimelaza watu wanne. Wewe na pingi yako ya kifalme ulilaza wangapi jana? Leta picha.

Mtumishi Kihesa
Bwana asifiwe. Naomba niseme kidogo kuhusu Daudi, kwa sababu Daudi huyohuyo aliikataa dirii. 1 Samweli 17. Mfalme Sauli alimvika chapeo ya shaba na dirii yake, kijana akajaribu kutembea akaona mambo hayaendi, hakuvizoea, akavua vyote. Akaenda mtoni akachukua mawe matano. Aliyekuwa na gia kamili ni Goliathi: chapeo ya shaba, dirii ya shekeli elfu tano za shaba, mpaka miguuni kavaa shaba. Jiwe limempata wapi? Paji la uso. Leveli 3 mwili mzima, hedishoti moja.
Kwa hiyo ndugu yangu Dogo swali lako la ujuzi na gia limejibiwa zamani.

Snaipa wa Ruwi
Mtumishi, aliikataa akiwa kijana mchunga mbuzi, akaja kuitengeneza akiwa mtu mzima mwenye majeshi. Alipokuwa peke yake na kombeo hakuhitaji. Alipokuwa na watu wa kuwalinda akawavisha. Mimi sioni mgongano hapo.

Mtumishi Kihesa
Kondoo, siyo mbuzi. Hilo la pili sikuwahi kuliwaza, nakupa pointi. Lakini siku ya mechi yenyewe aliyeshinda hakuwa na kitu kifuani.

Mkayole
Msee bado hajasema alipigwa wapi.

Kaka Kevla
Nimecheka peke yangu kwenye daladala, kondakta ananiangalia. Vijana, mimi nimeanzia Counter-Strike, kwenye kafe ya intaneti, unalipa kwa saa, feni moja watu kumi na wawili, kibodi herufi zote zimefutika isipokuwa Q. Kule hakuna kuokota kinga, kinga inanunuliwa. Kevla, yaani vesti, 650 za hela ya gemu. Ukitaka na helmeti, jumla 1000. Sasa sikilizeni raha yake. AK-47 ikikupata kichwani unakufa hata ukiwa na helmeti. M4 ikikupata kichwani ukiwa na helmeti unabaki na damu kidogo. Kwa hiyo wale wajanja wa upande wa polisi, wakijua magaidi wameshanunua AK, walikuwa wanachukua kevla tupu wanaacha helmeti. Ile 350 ya juu unainunulia bomu la moshi au kimulimuli. Kulipia kitu ambacho risasi haikiheshimu ni kutoa sadaka.
Ule ndio ujuzi. Unachagua kinga kwa kujua utapigwa na nini. Nyinyi mnavaa kilicholala chini.

Dogo Mbagala
Mzee wa kevla heshima yako, lakini kule mlikuwa kumi. Hapa ni watu 100 kisiwani, nani ana muda wa kujua mwenzake kanunua nini.

Kinda la Njiwa
Kaka Kevla ndiye pekee aliyegusa kitu. PUBG nayo ina hesabu hiyohiyo, ila iko kwenye helmeti, siyo kwenye vesti mnayolilia. Helmeti zinakata kama vesti, 30, 40, 55, ila uhai wake mdogo: 80, 150, 230. Bunduki ya Kar98k inatoa kama 79, kichwani inazidishwa mara mbili na nusu. Ukiwa na helmeti ya 2 unabakiwa na kitu kama 118, na wewe una damu 100, kwaheri. Ukiwa na ya 3 inakuwa 89 hivi. Umebaki na damu 11, unalala kwenye majani unatafuta bandeji, lakini u hai. Hapo namba ina maana kubwa kuliko ile risasi moja ya Fundi. Bunduki ya AWM yenyewe haijali, ya 3 inakwenda nayo, ndiyo maana inashuka kwa dropu, lile boksi la ndege, haiokotwi jikoni.
Na kwa wanaosema bahati: kwenye kompyuta helmeti ya 3 ni ya dropu, uifuate upigwe risasi. Kwenye simu unaweza kuikuta chini. Hiyo ndiyo tofauti mngeilalamikia.

Dogo Mbagala
Dada unajua mambo. Kaka zako ndio wanacheza nyumbani?

Kinda la Njiwa
Kaka zangu wanauza vitunguu. Anayecheza ni mimi.
Umeletewa hesabu tatu na watu watatu, hujajibu hata moja. Umejibu dera, umejibu madafu, umejibu pingi, sasa unajibu jinsia yangu. Shemeji yako alivyokuita Bwana Namba alikustahi.

Dogo Mbagala
Nimesifia jamani! Kusifia nako kosa?

Mkayole
Buda hapo umejipiga risasi mwenyewe, hakuna buletprufu ya hiyo.

Nyoka wa Nyali
Sifa gani yaanza na kaka zako. Omba radhi.

Dogo Mbagala
Dada Kinda, samahani. Nilidhani naleta utani.

Kinda la Njiwa
Yameisha. Vesti ilibaki ngapi?

Fundi Redio
Hajui, angejua angesema. Nimekaa na kalamu nikamtafutia mpaka. Tuseme kila pointi ya risasi inakula pointi moja ya vesti. Kumlaza mtu mwenye ya 2 mpya unahitaji risasi za jumla ya 167 hivi. Mwenye ya 3 mpya, 222. Sasa ya 3 iliyobaki 100: hizo 100 za kwanza zinamtoa damu 45, vesti inakufa, zile 55 zilizobaki anakula kavu. Jumla 155. Hapo ya 2 mpya imeshinda. Ya 3 iliyobaki 150: anatoka damu 67 na nusu, kavu anakula 32 na nusu, jumla 182. Hapo ya 3 imeshinda. Mpaka wenyewe uko kwenye 120 hivi, chini kidogo ya nusu. Ikizidi nusu vaa ya 3. Ikiwa chini ya nusu, acha namba iende.

Mkayole
Kwa kompyuta vesti ikikufa haiishi kabisa, inabaki ikikata 20.

Fundi Redio
Basi kwa kompyuta mpaka unashuka, 95 hivi. Ya 3 inapata nafuu.

Snaipa wa Ruwi
Hesabu nzuri, lakini nani anakaa vitani asome uhai wa vesti? Unaona rangi tu. Ikiwa nyekundu unajua.

Fundi Redio
Amesema mwenyewe mstari ulishuka. Ulishuka mpaka wapi, ndiyo mada nzima.

Nyoka wa Nyali
Pointi kwa Kiswahili ni alama.

Kaka Kevla
Nyoka, siku moja utakufa kwenye zoni ukimsahihisha mtu.

Shemeji Mdogo
Habari zenu wote. Mimi ndiye shemeji. Nimetumiwa huu mjadala na mke wangu, ambaye ni dada yake, nikasema nikae kimya, lakini mmefika mpaka kwa manabii.
Vesti ilikuwa nyekundu. Chini ya robo. Ile ya 2 aliyoitupa niliivaa mimi, na kuku tulikula, yaani tulishinda mechi, mimi na wale wawili, yeye akiwa anatuangalia kwenye kioo akitusemesha.
Halafu kuna jambo hakuwaambia. Mkayole ameuliza mara mbili akarukwa. Alipigwa Kar98k, kutoka kilimani, kichwani. Kichwani alikuwa na helmeti ya leveli 1. Angevaa vesti tatu moja juu ya nyingine, risasi ile haikuwa na habari na kifua chake.

Mkayole
NILISEMA.

Mtumishi Kihesa
Paji la uso 😂 Goliathi wa Mbagala.

Dogo Mbagala
Shem, tukianza kusema, tuseme yote. Helmeti ya 2 nilikuwa nayo. Nilikuvulia wewe pale daraja la kwenda Sosnovka, ulivyolia kwamba yako imepasuka na wewe ndiye unatangulia. Nikachukua ya 1 kwenye kibanda. Hilo dada hujamwambia, eh?

Kinda la Njiwa
Kar98k na helmeti ya 2: 118. Panda juu usome.

Dogo Mbagala
Sijali ni ngapi. Ilikuwa helmeti yangu.

Nyoka wa Nyali
Chapeo.