Naomba ushauri: "ser" na "estar" zinanitesa

Habari zenu wapendwa. Huu ni mwezi wa 8 najifunza Kihispania. Kusoma naelewa kiasi, shida ni kuongea. Sisi tuna "kuwa" moja tu, wenzetu wanazo mbili, "ser" na "estar". Juzi nilitaka kumwambia mwenzangu wa mazoezi kwamba nimeboreka, nikasema "soy aburrido" ("soy" inatoka kwa "ser"). Akanyamaza kidogo, kisha akanieleza taratibu kuwa nimesema mimi ni mtu wa kuchosha. Ilitakiwa "estoy aburrido", yaani ya "estar". Iliniuma, maana kanuni naijua kabisa kwenye daftari, ila mdomo unawahi.

Jinsia za nomino nazo, nilidhani kwa kuwa tumezoea ngeli zitakuwa nyepesi. Bado "la mano" (mkono, ni ya kike ingawa inaishia na o) na "el problema" (tatizo, ni ya kiume ingawa inaishia na a) zinaniponyoka, ingawa siku hizi kila neno nalikariri pamoja na "el" (ya kiume) au "la" (ya kike) yake na naona nafuu.

Msamiati ndio umenishinda. Naandika maneno 20 kila usiku, wiki ikiisha nakumbuka matano. Mliovuka hapo mlifanyaje? Niandike sentensi nzima badala ya neno moja moja? Na vitenzi mlivifanyia mazoezi kwa sauti au kwa kuandika? Natanguliza shukrani.